Gamosa na kofia ya vito

Masika ya mwaka jana tulimpangisha chumba cha juu, hapa Langoni, dada mmoja kutoka Assam, kaskazini mashariki mwa India. Katikati ya Aprili akanyongea. Kwao ilikuwa Bihu, sikukuu ya mwaka mpya, wasichana wamechomeka maua ya kopou nywelini wanacheza ngoma, na yeye yuko Lamu anatazama mvua ikijaa uani.

Akashuka na kitambaa cheupe chenye pindo jekundu. Gamosa. Akatueleza kwamba kwao msichana huifuma kwa mkono wake, na Bihu ikifika humpa anayempenda. Bibi yangu akaweka sindano chini. Akaipokea, akaigeuza upande wa ndani, maana mshonaji hukagua nyuma kwanza, akapitisha kidole kwenye maua mekundu polepole. Kisha akauliza: "Na mamake hajui?"

Bibi alimshonea babu kofia ya vito, ile ya kutariziwa vitundu kwa mkono, kabla ya posa. Miezi minne, tundu baada ya tundu, usiku kwa kandili, akimficha mamake. Kofia ile tunayo mpaka yeo.

Hapo ndipo nilipoielewa riwaya ambayo mgeni alikuwa akinisimulia kila baada ya isha: Miri Jiyori, ya Rajanikanta Bordoloi, mwandishi wa Assam, iliyotoka mwishoni mwa karne ya 19. Jonki na Panei ni vijana wa Kimising, watu wa kando ya mto Subansiri. Wanapendana, wazazi wa binti wana chaguo lao, na mapenzi yanaishia msibani. Nilikuwa nikiisikiliza kama kisa cha wazee wakaidi tu. Kumbe vijana wale wamelelewa na jamii ambayo yenyewe huwafundisha kuimba mapenzi. Katika nyimbo za Bihu kijana hutamani awe bata aogelee kwenye bwawa la mpenzi wake, awe njiwa atue juu ya paa lake. Mapenzi yanaruhusiwa uwanjani, kwenye ngoma. Yakifika mlangoni kwa baba yanakuwa kosa. Kisa hiki kinaniuma kwa sababu hiyo.

Wasomi wakieleza mapenzi katika fasihi ya Kiassam huanzia Jonaki, jarida la wanafunzi wa Kiassam waliokuwa Calcutta, lililoanza 1889, wakati walipokuwa wakiwasoma washairi wa Kiingereza. Siwapingi, jarida lile lilifungua mlango mkubwa. Lakini mimi naamini mzizi uko chini zaidi, kwenye kitanda cha mfumi na kwenye nyimbo za Aprili. Mtu aliyekulia penye vugo, akawasikia wanawake wakiyasema mapenzi kwa mafumbo kwenye harusi, hahitaji Calcutta kulijua hilo.

Siku ya kuondoka alimwachia bibi ile gamosa. Bibi akafungua sanduku, akaitoa kofia ya babu, akaifunga ndani ya gamosa ile, akairudisha sandukuni, akarudisha kufuli.