Alivyokabwa Zidane: Paul Lambert na namba sita wetu

Katika timu nyingi za vijana za Juvenile na Central hapa Unguja, jezi namba kumi, ya kiungo mshambuliaji, hugombewa, na namba sita, ya kiungo mkabaji, hupewa yule aliyechelewa kufika uwanjani. Mwalimu humwambia, "Wewe kaa mbele ya mabeki, kaba," na mafunzo yanaishia hapo. Ikifika siku ya mechi, namba kumi wa upande wa pili anageuka apendavyo, na lawama wanabebeshwa mabeki wa kati. Kazi hii ina ufundi wake na inafundishika. Mtu anayefaa kuisomea ni Paul Lambert, Mskoti aliyemzima Zinedine Zidane katika fainali ya Ligi ya Mabingwa Ulaya, Munich, tarehe 28 Mei 1997.

Lambert alizaliwa 1969, akakulia Linwood, jirani na Paisley. Akiwa na miaka 17 tu alitwaa Kombe la Uskoti pamoja na St Mirren, walipoifunga Dundee United 1-0 katika muda wa nyongeza, mwaka 1987. Mwaka 1993 akahamia Motherwell, timu iliyomaliza ya pili nyuma ya Rangers msimu wa 1994-95. Mkataba wake ulikwisha 1996, miezi michache baada ya hukumu ya Bosman ya Disemba 1995, ile iliyompa mchezaji aliyemaliza mkataba haki ya kuondoka bila klabu yake ya zamani kudai chochote. Alijaribiwa PSV ya Uholanzi, hawakumchukua. Akaenda kujaribiwa Borussia Dortmund ya Ujerumani, na kocha wao Ottmar Hitzfeld akambakisha.

Hapa ndipo mambo yanapovutia. Hitzfeld alimshusha mbele ya mabeki na kumpa kazi moja iliyo wazi. Lambert hakuwa na mbio za kutisha wala chenga za kusimulia. Alikuwa na pumzi, pasi safi, na zaidi ya yote alikuwa mtiifu wa nafasi. Katika nusu fainali Dortmund waliifunga Manchester United 1-0 nyumbani na 1-0 tena Old Trafford. Kisha ikaja fainali na Juventus ya Italia, mabingwa watetezi, na kiungo wao Zidane.

Kabla ya kumwiga Lambert ni lazima tutazame alizungukwa na nani. Dortmund walicheza na watu watatu nyuma: Jürgen Kohler na Martin Kree wakikaba, Matthias Sammer akiwa huru nyuma yao kufagia. Pembeni walikuwapo Stefan Reuter na Jörg Heinrich. Katikati, ubavuni mwa Lambert, alikuwapo Paulo Sousa, ambaye mwaka mmoja kabla alitwaa kombe hilohilo akiwa na Juventus wenyewe. Maana yake, Lambert akimfuata Zidane hadi pembeni, pengo analoacha lina mwenyewe: Sousa anaingia, na Sammer anapanda hatua chache. Walimu wetu wengi huichukua nusu ya kwanza, kukaba mtu, na kuisahau nusu ya pili. Namba sita anamfuata namba kumi hadi kwenye chaki, nyuma yake panabaki uwanja mtupu mbele ya mabeki wawili, namba nane wa wapinzani, kiungo wao wa kati, anaingia hapo na kupiga shuti bila bughudha. Kisha namba sita anagombezwa, ilhali alifanya alichoambiwa.

Basi kazi yenyewe inafanywaje? Kosa la kwanza la vijana ni kusimama nyuma kabisa ya mtu wanayemkaba. Ukiwa mgongoni kwake huuoni mpira, naye anakukinga kwa mwili na kupokea kwa raha. Mkabaji asimame ubavuni, nusu hatua nyuma, upande ule mpira unakotokea, kifua kikiwa kimefunguka ili aone mpira na mtu kwa mtazamo mmoja. Mpira ukiwa mbali, kama hatua 30, nafasi kati yao iwe hatua tatu au nne. Ukikaribia, nafasi ipungue hadi urefu wa mkono. Wakati wa kusogea ni pale mpigaji anapoinamisha kichwa na kurudisha mguu nyuma ili apige. Mpira unasafiri, nawe unasafiri. Atakayesubiri hadi mpira ufike ndipo akimbie, atakuta mtu ameshageuka, na hapo faulo na kadi ya njano haziko mbali.

Zipo hali tatu za kumfundisha kijana, na mara nyingi tunamfundisha ya mwisho peke yake. Ya kwanza ni kukata njia ya pasi, mpira usifike kabisa. Hii ndiyo bora, na kwa mtu wa aina ya Zidane ndiyo dawa pekee, kwa sababu alikuwa akitumia miguu yote miwili na huwezi kumsukumia kwenye mguu mbovu asiokuwa nao. Ya pili, mpira umefika ila ameupa mgongo lango lenu. Hapo simama urefu wa mkono, chuchumaa kidogo, usiutie mguu. Ukiutia mguu anauviringisha upande wa pili na umekwisha. Mwache aurudishe alikoutoa, hiyo ni ushindi wako. Ya tatu, ameshageuka na anakuja. Usimkimbilie. Rudi kinyumenyume ukiwa umekaa upande, mguu mmoja mbele, umwelekeze pembeni, ununue sekunde mbili au tatu wenzako warudi. Kijana anayejirusha chini katika hali hii ya tatu anashangiliwa na majukwaa akifaulu mara moja, na anaigharimu timu mara nne.

Zoezi la kufundishia halihitaji vifaa. Pima mstatili wa hatua 24 kwa 12, ugawe vyumba vitatu vya hatua 8 kila kimoja, alama ziwe chupa za maji zilizojazwa mchanga. Chumba cha kwanza weka wapiga pasi watatu wenye mpira. Cha katikati weka namba kumi na namba sita wako. Cha tatu weka mtu mmoja wa kupokea. Wapiga pasi wana gusa tatu tu baina yao kabla ya kulazimika kupitisha mpira mbele. Namba kumi akipokea na kugeuka akampa wa mwisho, upande wake pointi mbili. Namba sita akiukata njiani, pointi mbili zake. Akimlazimisha namba kumi aurudishe nyuma, pointi moja. Akiupata kwa kujirusha, hapati kitu. Sheria hiyo ya mwisho usiilegeze, maana ndiyo inayomwondoa kijana kwenye tabia ya kutumia miguu kabla ya macho. Sekunde 90 za kazi, dakika moja ya kupumzika, mara sita, kisha badilisha watu. Ukizidisha hapo umakini unashuka, na mtoto anajifunza kukaba akiwa amechoka na mzembe.

Baada ya wiki mbili ongeza namba nane wa kila upande ndani ya chumba cha katikati, sasa wafundishe kukabidhiana. Namba sita akivutwa zaidi ya hatua kumi kutoka katikati ya uwanja, apige kelele "chukua!", namba nane aliye karibu amfuate mtu, naye arudi kuziba mbele ya mabeki. Neno liwe moja na lijulikane na timu nzima. Timu nyingi hufungwa hapa kwa ukimya: wote wawili wanamfuata mtu mmoja, au wote wawili wanamwacha.

Turudi Munich. Dortmund walishinda 3-1. Karl-Heinz Riedle alifunga mawili kipindi cha kwanza, Alessandro Del Piero aliyeingia kipindi cha pili akarudisha moja, na Lars Ricken, sekunde chache baada ya kuingia, akaupandisha mpira juu ya kipa Angelo Peruzzi kutoka mbali. Zidane hakufunga. Jambo linalosahaulika ni kwamba krosi ya bao la kwanza la Riedle ilitoka mguuni kwa Lambert, upande wa kulia. Mkabaji yule alijua kutumia mpira akiupata. Kwa hiyo zoezi lolote la namba sita lisimalizikie kwenye kunyang'anya. Akinyang'anya, gusa mbili, na pasi iende mbele au upande wa pili wa uwanja. Namba sita anayeuchukua mpira na kumrudishia kipa kila mara amefanya nusu ya kazi.

Kwa ushindi ule Lambert alikuwa mchezaji wa kwanza kutoka Uingereza kulitwaa kombe hilo, tangu liitwe Ligi ya Mabingwa, akiwa na klabu ya nje ya nchi. Novemba 1997 alirudi nyumbani kujiunga na Celtic kwa ada iliyotajwa kuwa pauni milioni 2. Tarehe 2 Januari 1998 aliifunga Rangers kwa shuti la mbali katika ushindi wa 2-0, na msimu ule Celtic waliwazuia Rangers kuchukua ubingwa wa kumi mfululizo. Alicheza Kombe la Dunia 1998, ikiwemo mechi ya ufunguzi waliyofungwa 2-1 na Brazil, na jumla aliichezea Uskoti mara 40. Chini ya Martin O'Neill alitwaa makombe matatu ya ndani katika msimu mmoja, 2000-01, na Mei 2003 alikuwa nahodha Celtic walipofungwa 3-2 na Porto ya José Mourinho katika fainali ya Kombe la UEFA, Seville.

Ukocha wake ulianza vibaya. Livingston aliichukua 2005 na kujiuzulu Februari 2006. Wycombe, timu ya daraja la nne Uingereza, aliifikisha nusu fainali ya Kombe la Ligi, wakatoka 1-1 na Chelsea nyumbani kabla ya kupigwa 4-0 Stamford Bridge, Januari 2007. Kisha Colchester. Agosti 2009, siku ya kwanza ya msimu wa daraja la tatu, Colchester yake iliichapa Norwich 7-1 hukohuko Norwich, na siku kumi baadaye Norwich wakamchukua yeye kuwa kocha wao. Msimu ule wakatwaa ubingwa kwa pointi 95. Msimu uliofuata wakashika nafasi ya pili na kuingia Ligi Kuu. Msimu wa tatu wakamaliza wa 12.

Silaha yake kubwa pale ilikuwa 4-4-2 ya almasi: mmoja chini, wawili ubavuni, Wes Hoolahan juu, na Grant Holt mbele, aliyefunga mabao 15 ya Ligi Kuu msimu wa 2011-12. Mfumo huu nauona unatufaa sana Unguja na Pemba, kwa sababu ya viwanja. Uwanja wetu wa mtaani ni mwembamba, na mchanga unapunguza mwendo wa mpira, hivyo mpinzani hawezi kuuhamisha haraka kutoka upande mmoja kwenda wa pili. Udhaifu wa almasi ni pembeni: huna mawinga, na upana wote wanaubeba mabeki wa pembeni. Ukienda kucheza kwenye uwanja mpana na wenye sakafu nzuri kama Amaan au Gombani, udhaifu huo hujitokeza mapema. Mpira unahamishwa kwa pasi mbili, kiungo wako wa ubavuni ana hatua 20 za kukimbia, na baada ya dakika 60, jua la saa kumi likiwa bado kali, hafiki tena. Mwalimu aliyejipanga anaigeuza almasi kuwa wanne waliolala mstari mmoja kabla bao halijaingia. Lambert alikuwa mwepesi wa kubadilisha mfumo katikati ya mechi, na Norwich yake ilifunga mabao mengi ya dakika za mwisho. Aprili 2011 Simeon Jackson aliifunga Derby bao lake la tatu katika dakika za nyongeza, wakashinda 3-2, na wiki moja baadaye wakapanda daraja.

Aston Villa, kuanzia 2012, mambo yalikuwa mazito. Alipewa kikosi cha vijana na fedha za kubana. Alimleta Christian Benteke kutoka Genk, akafunga mabao 19 ya ligi msimu wa kwanza, lakini timu ilipigwa 8-0 na Chelsea Disemba 2012 na kutolewa na Bradford ya daraja la nne katika nusu fainali ya Kombe la Ligi. Njia yao ya kufunga ilipitia kwa mtu mmoja. Benteke alipoumia mshipa wa kisigino Aprili 2014, njia ikafungwa, na Lambert alipofukuzwa Februari 2015 timu ilikuwa na mabao 12 katika mechi 25. Baadaye alipita Blackburn, Wolves, Stoke na Ipswich bila kuifikia tena Norwich yake.

Kwa mwalimu anayetaka kuanza wiki hii: chagua namba sita wawili, siyo mmoja, kwa sababu mwenye kadi ya njano mapema hawezi tena kukaba kwa urefu wa mkono na lazima umtoe au umsogeze namba nane. Zoezi la vyumba lifanyike mwanzo wa mazoezi, mara baada ya kupasha moto, wakati kichwa bado kipya. Mpira wa kucheza wenyewe kwa wenyewe uachwe hadi karibu na Magharibi. Wakati wa Masika, uwanja ukiwa na tope, ongeza nafasi ya kusimama kwa hatua moja, kwa sababu atakayesogea mno atateleza mtu akigeuka. Na siku ya mechi mweke mtu nje ya uwanja ahesabu jambo moja tu: namba kumi wa wapinzani amepokea mara ngapi akiwa ametazama lango lenu. Idadi hiyo mwonyeshe namba sita wako wakati wa mapumziko.