Meza ya uhariri na ushuhuda mzito

Leo nawaza juu ya ushuhuda wa mtu aliyetendewa ukatili. Katika filamu za makala, hatari kwa msemaji haiishi kamera inapozimwa. Mara nyingi ndipo inapoanza, na mhariri ndiye anayeishika mikononi.

Wengi humrekodi mtu uso ukiwa wazi, wakitegemea kuutia ukungu baadaye. Siikubali njia hiyo. Ukungu hafifu huacha alama ambazo programu za kompyuta huweza kuzitumia kukisia sura, na faili asilia lenye uso hubaki kwenye diski. Diski huibwa, hukamatwa, huazimwa. Afadhali uso usinaswe kabisa: taa ikae nyuma ya msemaji, na ukuta mweupe ulio mbele yake ufunikwe kitambaa cheusi usije ukamrudishia mwanga. Hata hapo, usiamini kivuli kwa macho tu. Kamera inayorekodi kwa mfumo wa logi, yaani picha iliyofifia inayorekebishwa baadaye kwenye uhariri, huhifadhi mengi gizani, na akitokea mtu wa kupandisha mwanga wa klipu, sura inarudi. Kwa hiyo pandisha mwanga wewe kwanza, hadi mwisho, papo hapo mnaporekodi. Kagua pia pete, kovu, na dirisha linaloonyesha mtaa.

Kuifanya sauti iwe nzito au nyembamba hakutoshi, kwa kuwa badiliko hilo huweza kurudishwa nyuma. Maneno yasomwe na mtu mwingine, na watazamaji waambiwe hivyo.

Kukata ndiko kunakonipa mawazo zaidi. Ukiunganisha nusu ya sentensi moja na nusu ya nyingine, kisha ukafunika kiungo kwa picha ya mti au barabara, umemtungia mtu kauli ambayo hakuitoa, tena kuhusu siku mbaya kuliko zote maishani mwake. Mruko wa picha ulio wazi, yaani mkato ambao mtazamaji anauona, ni mwaminifu zaidi. Na pale anaponyamaza, usiharakishe kukata. Mara nyingi jibu liko humo. Ili ukimya huo usisikike kama shimo, lazima uwe umerekodi sauti tupu ya chumba kilekile, sekunde 30 hadi 60, watu wote wakiwa wametulia.

Mhariri naye huumia. Soma kwanza mahojiano yaliyoandikwa, utie alama sehemu nzito, ujue zinakuja saa ngapi. Unapopanga picha tu, zima sauti na upunguze ukubwa wa dirisha. Sehemu hizo zisiwe kazi ya mwisho kabla ya kulala.

Msemaji aione filamu kabla picha haijafungwa, yaani kabla mpangilio wa picha haujakamilishwa, maana baada ya hapo kutoa sentensi moja kunavuruga sauti, muziki na manukuu (maandishi ya chini ya picha) yote yanayofuata. Akitaka jina la kijiji chake liondoke, liondoke pia kwenye manukuu, kwenye majina ya mafaili, na kwenye kila nakala ya akiba.