Vikombe 31 vya kahawa

Nilipoombwa kuwa mwanahistoria wa filamu ya Mapinduzi ya Zanzibar, mwenzangu mmoja alinishauri nianze na uchaguzi wa 1957, nisome takwimu taratibu, "watazamaji wataelewa tu." Nikamtii. Nikavaa koti, nikaeleza dakika kumi na nne. Nilipomaliza, kijana wa sauti alikuwa anakoroma na vipokea sauti masikioni. Sikumlaumu, hata mimi nilianza kusinzia kwa maneno yangu mwenyewe.

Kilichonitesa ni uchaguzi wa Julai 1963. ASP, chama cha Afro-Shirazi, ilipata zaidi ya nusu ya kura, ikabaki upinzani. Asipoelewa hilo, mtu hataelewa kwa nini serikali ya uhuru wa 10 Desemba ilidumu mwezi na siku mbili. Lakini umwelezeje mtu anayekula chipsi mbele ya televisheni?

Jioni moja barazani Mkunazini nikamwomba muuza kahawa vikombe 31, idadi ya viti vilivyogombewa. Akanitazama kama nimepagawa. Alikuwa navyo kumi na viwili, vingine tukaazima kwa majirani. Nikapanga 13 vya ASP huku, 12 vya Hizbu, yaani chama cha ZNP, kule. Kisha nikavishika sita vya ZPPP, chama kilichoungana na Hizbu, nikavisogeza kimojakimoja upande wa Hizbu. Kumi na nane kwa kumi na tatu. Baraza zima kimya. Mzee mmoja, ambaye wiki nzima alikataa katakata kuhojiwa, akainuka, akakirudisha kimoja huku. "Hiki chetu, mwanangu!" Mwenzake akakidaka. Wakavutana, na kamera, alhamdulillahi, ilikuwa imewashwa.

Toka hapo wakafunguka. Na ukitaka wazee waseme, usiwaulize 12 Januari 1964, siku ya Mapinduzi, watakusomea hotuba ya sherehe. Waulize Ramadhani ya mwaka ule, maana Shaaban ilikuwa inamalizikia. Hapo ndipo niliposikia habari za unga wa futari ulionunuliwa mapema, risasi upande wa Ziwani kwenye kambi ya polisi, na sauti ya John Okello, Mganda aliyeongoza wapiganaji wa Mapinduzi, redioni, Kiswahili chake cha kigeni. Mzee wa kikombe alimwigiza mpaka tukafuta machozi ya kicheko, halafu akanyamaza ghafla, akaomba kahawa nyingine. Tuliacha ule ukimya kwenye filamu, ingawa mhariri alitaka kuukata.

Muuza kahawa alinitoza vikombe vyote 31, kama elfu kumi na tano hivi, na kile kilichopasuka akakihesabu mara mbili.