Nafasi ya 12 pale Interlagos

Ukimtaja Mick Doohan mbele ya wapenzi wa mbio za pikipiki, wengi wataanza na mataji yake matano ya dunia. Mimi huanza na mbio ambazo hakupata hata pointi moja: Brazil, Agosti 1992, uwanja wa Interlagos mjini São Paulo. Alimaliza wa 12, na mwaka ule pointi zilikuwa za kumi bora tu. Leo Jumapili sikufungua gereji, nimeshinda na historia yake, na kabla sijalala nataka niandike kwa nini mbio zile zinanigusa kuliko zote alizoshinda.

Doohan ni Mwaustralia wa Queensland. Aliingia daraja la CC 500, lililokuwa la juu kabisa wakati huo, mwaka 1989 akiendesha Honda, na ilipofika 1992 alikuwa hashikiki. Alishinda mbio nne za kwanza mfululizo, akaongeza za Hockenheim, Ujerumani. Alifika Assen, Uholanzi, mwezi Juni akiwa na pointi 130. Bingwa mtetezi, Mmarekani Wayne Rainey wa Yamaha, alikuwa na 65. Mshindi wa mbio moja alipata pointi 20, kwa hiyo taji lilikuwa kama limeshafika nyumbani.

Hapo Assen, kwenye mazoezi, akaanguka na kuvunjika mguu wa kulia chini ya goti. Kuvunjika mfupa katika mchezo huu ni habari ya kila msimu. Kilichofuata ndicho kilichokuwa kibaya: baada ya upasuaji mguu ulivimba kwa ndani, damu ikakosa njia, nyama ikaanza kufa. Yakaanza mazungumzo ya kuukata. Daktari Claudio Costa, Mwitaliano aliyekuwa akizifuata mbio hizi nchi kwa nchi na kliniki yake ya kwenye gari, alimtoa hospitalini akampeleka Italia. Huko aliishona miguu yake miwili pamoja, ili damu ya mguu mzima iulishe ule uliokuwa unakufa. Kwa wiki kama mbili Doohan alilala hivyo, hawezi kujigeuza bila miguu yote miwili kwenda pamoja. Kila nikifika hapo husimama kusoma na kushika ugoko wangu.

Mguu ulibaki, ila ulikuwa umekonda, umepinda, na kifundo kilikuwa kimekakamaa. Na wakati wote huo Rainey alikuwa anaokota pointi. Wiki nane baada ya kuanguka, mtu ambaye bado anatembelea magongo akapanda pikipiki yenye nguvu za farasi zaidi ya 160 na uzito wa kilo 130 hivi, kule Interlagos. Rainey alishinda, Doohan akawa wa 12. Wiki mbili baadaye, Kyalami, Afrika Kusini, zikiwa mbio za mwisho za msimu, akamaliza wa sita na kupata pointi sita. Rainey 140, Doohan 136. Taji likaondoka kwa pointi nne.

Nimewahi kubishana na watu kijiweni kuhusu hilo. Wapo wanaosema ilikuwa wazimu, angekaa apone. Nawaelewa, na mtoto wangu ningemzuia. Lakini mimi naona zile mbio mbili zilimwonyesha kitu ambacho kitanda kisingemwonyesha: mguu ule unaweza nini na hauwezi nini. Mwaka 1993 hakuendelea kusubiri kifundo kirudi. Breki ya nyuma ya pikipiki inakanyagwa kwa mguu wa kulia, na wa kwake haukanyagi. Basi ikahamishiwa kwenye usukani upande wa kushoto, iwe wenzo mdogo wa kusukumwa kwa dole gumba. Tena ikawa na faida kwenye kona za kulia, ambako pikipiki imelala na mguu hata ukiwa mzima hauna nafasi ya kukanyaga vizuri. Leo waendeshaji wengi wa MotoGP, daraja la juu la sasa, wenye miguu mizima kabisa wanatumia breki ya dole gumba.

Mwaka ule wa 1993 alishinda mara moja tu, Mugello, Italia. Septemba yake, Misano, Italia vilevile, Rainey alianguka akiwa anaongoza na akavunjika uti wa mgongo. Hakutembea tena. Siwezi kuisimulia habari ya Doohan nikairuka hii. Rainey hakupungukiwa moyo wala bidii, na hakuna daktari aliyekuwa na uzi wa kumshona.

Kuanzia 1994 hadi 1998 Doohan alichukua mataji matano mfululizo. Mwaka 1997 peke yake alishinda mbio 12 kati ya 15. Jumla ni ushindi 54 katika CC 500, nao mwingi aliupata akiwa na mguu ule mbovu. Mei 1999, kule Jerez, Hispania, aliteleza sehemu yenye maji akavunjika tena mguu, mtulinga na kifundo cha mkono. Kabla mwaka haujaisha akatangaza kustaafu, akiwa na miaka 34. Namheshimu kwa hilo pia.

Juzi alikuja gereji kijana wa bodaboda, kifundo cha mguu wa kulia hakikunji tangu ajali yake ya mwaka jana. Aliniuliza kama breki ya nyuma inaweza kuletwa mkononi. Pikipiki yake ina breki ya dramu inayovutwa kwa fimbo, si diski ya mafuta kama ya Doohan, kwa hiyo dole gumba halitakuwa na nguvu ya kutosha. Nafikiria wenzo wa vidole vinne, ukae chini ya ule wa klachi, na waya mnene uchukue kazi ya fimbo. Kazi ipo kwenye kuupitisha waya usikunjwe usukani unapokatwa. Nimemwambia aniachie pikipiki Jumatano, niifunge na niiendeshe mwenyewe kwenye mteremko kabla hajaipanda.