Siku yangu moja Mbeya, tangu niache jukwaa nikawa mwalimu wa ngoma

Saa 11 na nusu alfajiri. Mbeya mwezi wa saba baridi yake sio ya kusimuliwa, na goti langu la kushoto ndo linaamka kabla yangu. Nakaa ukingoni mwa kitanda, nalizungushia kitambaa cha maji moto, halafu nalikunja na kulikunjua taratibu mpaka likubali kunibeba. Nimecheza ngoma kama kazi miaka 19. Nilisomea Bagamoyo, enzi hizo bado kinaitwa Chuo cha Sanaa kabla hakijawa TaSUBa, yaani Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, mwaka 2007, baadae nikaingia vikundi vya Dar, tukawa tunapiga shoo mahotelini, sindimba, bugobogobo, msewe, lizombe, usiku mmoja zote.

Saa 2 nipo shule ya msingi, nina kipindi cha sanaa na michezo. "Shikamoo madam!" darasa zima. Wako wengi, chumba hakitoshi, nawatoa uwanjani tunapiga makofi na kuhesabu mapigo mpaka baridi inawatoka. Nawapenda sana hawa wadogo, hawajajifunza kuona aibu na miili yao.

Mchana wali wa Kyela, maharage, parachichi, nalala kidogo.

Saa 9 na nusu ndo siku yangu inaanza hasa, kikundi changu cha vijana. Kwanza moto. Ngozi ya ngoma ikipata unyevu inalegea, ukiipiga inalia bu, bu kama unapiga godoro, basi kijana mmoja anawasha majani makavu na maboksi, tunaizungusha ngoma usoni pa moto, sio karibu sana ngozi isije ikapasuka, huku unaigonga gonga kwa kidole unasikiliza, unasikiliza, mpaka ghafla inajibu ti! Hapo hata waliokuwa wamejikunyata na masweta wananyanyuka wenyewe.

Leo nimefundisha kutua. Watu wanadhani kazi ni kuruka, wala, kuruka kila mtoto anaweza. Mimi goti liliniishia kwenye kutua, miaka yote tulichezea saruji tupu, saruji haina huruma, na siku gegedu lilipochanika kiongozi wetu aliniambia malizia shoo kwanza wageni wameshalipa. Nikamalizia. Nilikuwa na miaka 38, sikurudi tena jukwaani, na mpaka leo ikinijia inaniuma.

Kwa hiyo wanangu hawa hawarukii saruji, tunachezea kwenye nyasi au tunatandika mikeka miwili miwili. Nawaambia vidole vitangulie, halafu unyayo, kisigino mwisho, goti limekunjwa linatazama kule vidole vinakotazama, lisiangukie ndani. Halafu nanyamazisha ngoma zote. Wanaruka kwenye ukimya mmoja mmoja na sisi wengine tunasikiliza, maana kutua kubaya kunasikika, puu! Hata sindimba yenyewe ni hivyo hivyo, kiuno unachokiona kinachezeshwa na magoti, ukisimama magoti yamenyooka huchezi sindimba hata ujikaze vipi.

Kuna binti wa miaka 13, anatokea Uyole, mwezi mzima anatua puu. Leo karuka, sote tumetega masikio, kimya. Nikamwambia rudia. Karudia, kimya tena, unasikia nyasi tu. Mpiga ngoma wetu, mzee wa Kinyakyusa aliyenizidi umri mbali, akasema "ndaga mwanangu", yaani asante mwanangu, taratibu, na mimi machozi yalinitoka sikuyaficha.

Saa 12 na nusu giza linaingia, nawagawia chai ya tangawizi na mihogo, nahakikisha wa mbali wamepanda bajaji pamoja.

Saa 3 usiku nipo kitandani na kitambaa changu cha maji moto. Ile ngoma kubwa ngozi yake imeanza kuachia kwenye vigingi upande mmoja, kesho asubuhi kabla ya shule nampitia mzee aiangalie.