Gemu za RPG za mashabiki: kutoka kompyuta ya Windows hadi simu ya kiganjani

Vijana wengi wa hapa Ngamiani, Tanga, wanaoniletea gemu hawana kompyuta, wala hawatarajii kununua moja hivi karibuni. Wana simu za Android zenye RAM ya gigabaiti 2 au 3, wana memori kadi, na wana bando la wiki ambalo hukata kabla wiki haijaisha. Gemu wanazozitamani, yaani zile RPG ndefu (gemu za hadithi ambamo mchezaji huongoza mhusika) zinazotengenezwa na mashabiki kwa mapenzi yao na kugawiwa bure, nyingi ziliundwa kwa ajili ya Windows. Kwa hiyo jioni, nikishafunga kibanda changu cha ufundi simu, huwa ninakaa na kompyuta yangu kuzihamisha gemu hizo ili zichezeke kwenye simu za wateja wangu.

Anayeanza kazi hii huamini kwamba mambo yamekwisha mara tu gemu inapowaka kwenye skrini ya simu. Kwa maoni yangu hapo ndipo kazi yenyewe inapoanza, kwa sababu mtengenezaji alikuwa amekaa mbele ya kioo kikubwa na kibodi mkononi, na kila alichokipanga, tangu ukubwa wa maandishi hadi upana wa njia ambayo mhusika hupita akifukuzwa na zimwi, alikipanga akiiwazia kibodi hiyo. Mtu anayehamisha gemu hana budi kuirudia mipango hiyo mmoja mmoja na kujiuliza kama bado inafaa kwa mtu mwenye vidole gumba viwili na skrini yenye kimo kisichozidi sentimita 7.

Sehemu kubwa ya gemu ninazozipokea zimetengenezwa kwa RPG Maker, programu ya Kijapani inayomwezesha hata mtu asiyejua kuandika kodi kupanga ramani, wahusika, mazungumzo na mapigano. Ina vizazi vingi: RPG Maker 2000, kisha 2003, XP ya mwaka 2004, VX ya 2007, VX Ace ya 2011, MV ya 2015 na MZ ya 2020. Kabla ya kumwahidi mteja chochote, mimi hufungua folda ya gemu na kutazama kilichomo. Nikikuta faili la RPG_RT.ldb pamoja na mafaili ya ramani yanayoishia na .lmu, najua kwamba ni 2000 au 2003. Nikikuta faili kubwa moja linaloishia na .rgss3a, ni VX Ace iliyofungwa. Nikikuta folda ya www yenye folda ya js ndani yake, ni MV. Kila kizazi kina njia yake, na kubahatisha njia ni kupoteza usiku mzima.

Hizo za 2000 na 2003 ndizo nyepesi kuliko zote, na inafurahisha kwamba baadhi yake ndizo zenye hadithi nzuri zaidi. Yume Nikki, gemu ya ndoto iliyotolewa mwaka 2004 na mtengenezaji anayejiita Kikiyama, ni ya RPG Maker 2003. Picha zake ni ndogo, pikseli 320 kwa 240, na rangi za kila picha hazizidi 256. Kwa gemu za aina hii ipo EasyRPG Player, programu huria inayosoma mafaili ya gemu moja kwa moja bila kuhitaji Windows, na toleo lake la Android linafanya kazi vizuri hata kwenye simu za bei ya chini kabisa. Unaiweka gemu kwenye folda yake, hata ikiwa imefungwa katika faili la zip, na inawaka. Shida hutokea kwenye majina ya mafaili yaliyoandikwa kwa Kijapani: yakipita mikononi mwa kompyuta isiyoyatambua hugeuka kuwa alama zisizosomeka, na gemu hulalamika kwamba picha haipo ilhali ipo palepale. Dawa yake ni kuyafungua upya kutoka faili la asili kwa usimbaji ulio sahihi, yaani namna ya kompyuta ya kuandika herufi, kisha kuitajia EasyRPG usimbaji huo ili na mazungumzo yasomeke. Muziki wa MIDI nao husikika tofauti kidogo na ulivyosikika kwenye kompyuta, lakini sijapata mteja aliyelalamikia hilo.

MV ni habari nyingine, na ndiyo inayonichukulia muda mwingi. Gemu ya MV kwa hakika ni ukurasa wa wavuti: imeandikwa kwa JavaScript, lugha ya kodi ya kurasa za wavuti, inachorwa kwa PixiJS, kodi ya kuchorea picha, na kwenye kompyuta imefungwa ndani ya kivinjari kilichofichwa. Mtu husema basi, simu nayo ina kivinjari, tuipachike ndani ya WebView, yaani kivinjari kinachokaa ndani ya programu, tufunge kifurushi cha APK, faili la kusakinishia programu za Android, tumalize. Anafunga, anasakinisha, anakutana na kioo cheusi.

Weusi huo una sababu tatu ninazozifahamu kwa majina. Ya kwanza ni kwamba gemu husoma data zake kutoka mafaili ya JSON, ambayo ni mafaili ya maandishi ya kutunzia data, kwa njia ya maombi ya wavuti, na WebView ya Android, kwa sababu za usalama, hukataa maombi hayo yanapoelekezwa kwenye mafaili ya ndani mpaka uiruhusu waziwazi au uyapitishe kwenye anwani ya bandia ya mtandao. Ya pili ni herufi kubwa na ndogo. Windows haijali kama faili linaitwa Pango_01.PNG au pango_01.png, kwake ni kitu kimoja. Ndani ya APK hayo ni mafaili mawili tofauti, na mtengenezaji aliyeandika jina hivi kwenye kodi na vile kwenye folda hakuwahi kupata sababu ya kugundua. Mbaya zaidi ni kwamba gemu inaweza kuchezeka saa tatu nzima, kisha ikasimama ghafla mhusika anapofungua sanduku ambalo picha yake ina herufi kubwa pasipotakiwa. Ndiyo maana niliandika programu ndogo inayopitia kila jina lililotajwa kwenye mafaili ya JSON na kulilinganisha na jina halisi kwenye folda, herufi kwa herufi, ikanipa orodha ya yasiyolingana.

Ya tatu ni sauti. MV hubeba muziki kwa namna mbili, .ogg na .m4a, na kodi yake ya kawaida imeagizwa kwamba ikijikuta kwenye simu itumie .m4a, hata kama simu yenyewe inaweza kucheza .ogg bila taabu. Watengenezaji wengi, wakitaka kupunguza uzito wa faili la kupakua, hufuta .m4a zote kwa kuwa kwenye kompyuta hazitumiki. Simu inatafuta faili lisilokuwapo na gemu inakwama. Ninaweza kuzalisha .m4a upya, lakini siku hizi napendelea kubadilisha mstari ule mmoja wa kodi ili hata simu itumie .ogg, kwa sababu kubeba muziki ule ule mara mbili ni kumlia mteja bando lake bure.

XP na VX Ace zinaandikwa kwa Ruby, lugha nyingine ya kodi, na kwa hizo zipo mkxp, programu huria iliyojengwa kuziendesha nje ya Windows, na JoiPlay, ambayo wachezaji wengi wa Android wanaijua. Hapa niseme wazi kwamba zipo gemu ninazozikataa. Ikiwa mtengenezaji alitumia Win32API, yaani aliagiza kodi yake iite mafaili ya ndani ya Windows ili isome kipanya au ibadilishe ukubwa wa dirisha, agizo hilo halina wa kuliitikia kwenye simu. Likiwa moja ninaweza kuliondoa. Yakiwa yametapakaa katika kila pembe ya gemu, namrudishia mtu memori kadi yake na kumwomba radhi.

Sasa vidole. Mpwa wangu wa Makorora ndiye mjaribu wangu wa kwanza, kwa sababu hana adabu kabisa na gemu mbovu. Siku moja alikuwa akijaribu gemu ambayo vitufe vyake vya mishale nilikuwa nimeviweka chini kushoto, mahali ambapo karibu kila mtu huviweka. Mzee mmoja ndani ya gemu akaanza kumweleza alipo ufunguo wa ghala, dirisha la mazungumzo likafunguka chini, na kidole gumba cha kijana kikawa kimekaa juu ya maneno matatu ya mwanzo ya kila mstari. Akainua simu akanionyesha: “Mjomba, huyu babu namsikia nusu nusu.”

Hesabu ya skrini inatoa jibu zuri. Simu nyingi za bei nafuu zina pikseli 720 kwa 1600. Ukiilaza simu, picha ya 320 kwa 240 ikikuzwa mara tatu kamili inakuwa 960 kwa 720, inagusa juu na chini, na kila upande inabaki nafasi tupu ya pikseli 320. Nafasi hiyo ndiyo mahali pa vitufe. Picha ya MV, ambayo kwa kawaida ni 816 kwa 624, ikinyooshwa hadi kimo kile kile inaacha karibu pikseli 330 kila upande. Kuvuta picha ijaze skrini nzima, kama baadhi ya watu wanavyopenda kufanya, ni kumtanua mhusika awe kama chapati na wakati huo huo kukosa pa kuweka vidole. MV yenyewe inaruhusu kugusa mahali ili mhusika aende, na kugusa kwa vidole viwili kufungue menyu, lakini katika gemu yenye maadui wanaokimbiza njia hiyo haifai. Mkono wa mchezaji unakuwa umemfunika adui anayemkimbiza. Kitufe cha kukimbia, ambacho kwenye kompyuta ni Shift, mimi hukiondoa kabisa na kuiweka gemu katika hali ya kukimbia wakati wote, kwa sababu hakuna mtu anayeweza kushikilia vitufe vitatu kwa vidole viwili.

Maandishi yanataka uangalifu wa namna hiyo hiyo. Herufi za MV zina ukubwa wa pikseli 28, na kwenye simu niliyoieleza zinafika takriban milimita 3, jambo linalovumilika. Ugumu nimeuona kwa vijana wa Chumbageni wanaotengeneza gemu yao ya Kiswahili kwa RPG Maker 2003, hadithi inayotokea katika Mapango ya Amboni. Dirisha la mazungumzo la 2003 lina mistari minne, na mstari mmoja hubeba herufi 50, au 38 tu ikiwa pana picha ya uso wa msemaji. Walikuwa wameandika “Hatukuwahi kuambiwa kwamba mlango wa pango umefungwa.” Ukihesabu pamoja na nafasi, bila hata nukta, ni herufi 52, na mwisho wa sentensi ukawa unakatwa na ukingo wa dirisha. Niliwashauri wapitie mazungumzo yote kwa kikomo cha herufi 38 tangu mwanzo, kwani wakija kuongeza picha za nyuso baadaye watalazimika kuyavunja upya.

Jambo jingine linaloangusha simu ndogo ni ramani zilizochorwa kama picha moja. Kigae kimoja cha MV, yaani kipande cha mraba cha kujengea ramani, ni pikseli 48 kila upande, hivyo ramani ya vigae 100 kwa 100 ikichorwa nzima ni picha ya pikseli 4800 kwa 4800. Faili lake linaweza kuwa dogo, lakini likifunguliwa kwenye memori, kwa baiti nne kila pikseli, linachukua kama megabaiti 92. Zaidi ya hayo, simu nyingi za bei nafuu hazikubali picha inayozidi pikseli 4096 upande mmoja. Zinaonyesha weusi mahali pa msitu. Mimi huikata picha ya namna hiyo vipande vinne na kuandika kodi fupi ya kuvipanga, na wakati mwingine kazi hiyo pekee huzidi nyingine zote.

Ruhusa nayo si jambo la kupuuzwa, hasa kwa kuwa wengi hudhani kitu cha bure hakina mwenyewe. Gemu ya shabiki ina wenyewe wawili: aliyeitengeneza, na mara nyingi kampuni inayomiliki wahusika walioazimwa. Pokémon Uranium, iliyotengenezwa kwa RPG Maker XP kwa takriban miaka tisa, ilitolewa Agosti 2016, na ndani ya mwezi huo huo watengenezaji wake wakaondoa viungo vya kupakua baada ya kupata habari kwamba wanasheria wa Nintendo wametuma barua za kutaka gemu hiyo iondolewe. Mimi humwandikia mtengenezaji kwanza na kusoma maelezo aliyoyaambatanisha. Akisema gemu yake isigawiwe upya, namwekea mteja programu ya kuchezeshea, naye anapakua gemu kutoka kwa mwenyewe. APK hazitoki kibandani kwangu bila ruhusa iliyoandikwa, hata mtu akija na shilingi elfu ishirini mkononi.

Kwa wale wanaotaka kufunga APK zao wenyewe, nina angalizo kuhusu ufunguo wa saini, yaani faili la siri la kutilia APK saini ya aliyeifunga. Android haikubali toleo jipya lisakinishwe juu ya la zamani ikiwa saini zake hazilingani. Ukiupoteza ufunguo, mchezaji atalazimika kuiondoa gemu kwanza ndipo aweke toleo jipya, na kwa kuwa MV kwenye simu huweka kumbukumbu za kusevu ndani ya hifadhi ya WebView, kuiondoa gemu ni kuzifuta zote, hata kama alikuwa amebakiza pambano la mwisho. Nakala ya ufunguo wangu ipo kwenye flashi inayokaa nyumbani, mbali na kompyuta, na katika kila gemu ya MV ninayoifunga huongeza kitufe kimoja kwenye menyu kinachotoa kumbukumbu hizo kama faili la kawaida, ambalo mchezaji anaweza kulituma kwa Bluetooth kwenye simu nyingine na kuendelea pale alipoishia.