Kumfuata Ban kutoka Zagreb hadi Sarajevo

Watu wa Zagreb wakitaka kukutana katikati ya jiji hawahangaiki kutaja mtaa wala duka. Wanaambiana "chini ya mkia", basi. Mkia wenyewe ni wa farasi wa shaba aliyesimamishwa kwenye uwanja mkuu, na aliyempanda ni mwanamume mwenye upanga mkononi, Josip Jelačić. Uwanja unaitwa Uwanja wa Ban Jelačić. Kaka mmoja wa Tanga anayesoma huko, ambaye ndiye alikuwa mwenyeji wangu, alinitumia ujumbe nikiwa bado ndani ya tramu: "Kaka, ukishuka usiulize mtu, nipo mkiani." Nikamkuta ameegemea jiwe la sanamu anakula mahindi ya kuchoma. Swali langu la kwanza, hata kabla hatujamaliza kusalimiana, lilikuwa: huyu Ban ni nani, na kwa nini jina lake limeenea hivi? Maana kutoka stesheni nilikuwa nimepita uwanja mwingine wenye jina la ban mwingine, Nikola Zrinski.

"Si jina hilo, ni cheo," akasema. "Fikiria liwali."

Mfano huo ulinikaa, na ndio nilioubeba safari nzima. Liwali wa pwani yetu alitumwa na sultani aliyekuwa ng'ambo. Alihukumu, alikusanya ushuru, aliongoza askari, kila kitu kwa jina la mtu ambaye wenyeji wengi hawakupata kumwona. Sasa, mwaka 1102 taji la Kroatia liliunganishwa na la Hungaria, na tangu hapo mfalme akawa mtu wa mbali. Baadaye, kuanzia 1527, taji likaenda kwa ukoo wa Habsburg, na mfalme akawa mbali zaidi. Aliyebaki na wananchi ni ban. Yeye ndiye hakimu mkuu, yeye ndiye amiri wa jeshi, yeye ndiye aliyeitisha sabor, baraza la wakuu wa nchi.

Cheo chenyewe ni kikongwe kuliko muungano huo. Katikati ya karne ya 10, Kaizari Konstantino VII wa Bizanti aliandika kuhusu majirani zake, na kwa Wakroatia akaeleza kwamba nchi yao ina wilaya 11, kila moja chini ya mkuu aitwaye župan, na kwamba zaidi ya hao yupo ban, anayeshika sehemu tatu peke yake: Krbava, Lika na Gacka. Neno limetoka wapi? Wengi huwanyooshea kidole Waavari, wapanda farasi waliotoka nyika za mashariki wakiongozwa na khagani aliyeitwa Bayan, katika karne ya 6. Wengine hawaukubali ukoo huo. Konstantino hakueleza, na hata katika maandishi yake ban tayari ni mtu wa kuogopwa: anasimulia jinsi mfalme Miroslav alivyouawa na ban Pribina. Karne moja baadaye ban mwingine, Dmitar Zvonimir, akawa mfalme kabisa. Kwa hiyo tangu mwanzo huyu naibu hakuwa mtu wa kutumwa chai.

Tulipanda Mji wa Juu kwa miguu. Saa sita mchana kamili nikaruka kama nimekanyaga moto: mzinga ulilipuka juu ya mnara wa Lotrščak, karibu kabisa na tulipokuwa. Mwenyeji wangu alicheka mpaka akakaa chini. Hupigwa kila siku, na alikuwa amenipitisha pale saa hiyo kwa makusudi. Mbele kidogo lipo kanisa la Mtakatifu Marko, lenye paa la vigae vya rangi vilivyopangwa kuwa ngao mbili kubwa. Ukiitazama vizuri ngao ya kushoto utaona mnyama mdogo mwenye mkia mrefu anakimbia katikati ya mistari ya mito. Huyo ni kuna, mnyama wa jamii ya cheche. Ngozi yake ndiyo iliyokuwa kodi ya Slavonia, jimbo la kaskazini mwa Kroatia, enzi za kati, na maban wa Slavonia walipofua sarafu zao za fedha, kuanzia karne ya 13, wakamtia humo. Sarafu hizo ziliitwa banovac. Kroatia ilipojipatia fedha yake mwaka 1994 iliipa jina la kuna, na noti zake zilijaa maban: Petar Zrinski kwenye ya 5, Jelačić kwenye ya 20, Ivan Mažuranić kwenye ya 100. Noti hizo zilistaafu Januari 2023 nchi ilipoingia kwenye yuro. Mnyama lakini hajatoka. Yumo kwenye sarafu ya yuro moja ya Kroatia. Nilirudishiwa moja kama chenji ya kahawa.

Kando ya kanisa ipo Banski dvori, nyumba ya maban, jengo refu la ghorofa moja lisilojigamba. Leo ni ofisi ya serikali. Tarehe 7 Oktoba 1991 ndege za jeshi la Yugoslavia zililipiga makombora wakati rais Franjo Tuđman yumo ndani na wenzake, wakatoka salama.

Hapahapa Zagreb, tarehe 5 Juni 1848, ndipo Jelačić alipoapishwa. Nilipenda jambo moja: askofu Mkatoliki wa Zagreb hakuwepo, basi kiapo kikasimamiwa na Patriaki Josif Rajačić wa Waserbia Waorthodoksi. Ban Mkatoliki, patriaki Mwothodoksi, na umati unashangilia. Ukijua yaliyokuja kutokea kati ya Wakroatia na Waserbia karne iliyofuata, unasoma habari hiyo mara mbili. Wiki chache kabla, Jelačić alikuwa ametangaza kufutwa kwa utumwa wa wakulima kwa mabwana wa ardhi. Miezi michache baadaye alikuwa nje ya Vienna akimsaidia kaizari kuyazima mapinduzi. Mkombozi na mzima moto, mtu mmoja, mwaka mmoja. Ndiyo maana sanamu yake, kazi ya Anton Dominik Fernkorn iliyosimikwa 1866, iling'olewa na wakomunisti mwaka 1947 ikawekwa vipande vipande ghalani. Ilirudi 1990. Zamani upanga ulielekea kaskazini, kwa Wahungaria. Sasa umeelekezwa kusini, na kila mtu ana maelezo yake.

Basi la kwenda Banja Luka lilipita tambarare ya Sava, mashamba ya mahindi kushoto na kulia, na kwenye mto ndipo mpaka. Askari wa uhamiaji alikipindua kipasipoti changu kurasa zote, akarudi mwanzo, akaniuliza nakwenda kufanya nini. Nikajibu kwamba nafuatilia habari za maban. Akanitazama, akagonga muhuri.

Watalii wengi hudhani Banja Luka ina jina la bafu za maji moto, kwa sababu banja ni bafu. Wenyeji watakwambia mara moja: ni malisho ya ban. Jina hilo limeandikwa kwa mara ya kwanza 6 Februari 1494. Katikati ya mji lipo jumba jeupe linaloitwa Banski dvor, nikadhani nimefika kwenye enzi za kati, kumbe ni la miaka ya 1930. Hapa cheo kilipewa maisha ya ajabu kidogo. Mwaka 1929 Mfalme Aleksandar wa Yugoslavia alitaka watu wasahau kwamba ni Waserbia, Wakroatia, Waslovenia na kadhalika. Akaigawa nchi katika majimbo 9, akayaita banovina, na karibu yote akayapa majina ya mito: Vrbas, Drava, Drina, Vardar. Kila jimbo likapata ban, ambaye sasa ni karani mkubwa wa serikali mwenye kalamu na gari. Banja Luka ikawa makao ya jimbo la Vrbas. Mfalme aliuawa Marseille 1934, na mito haikusahaulisha mtu chochote. Mwaka 1939 Wakroatia walipewa banovina yao kubwa yenye jina lao, na ban wake, Ivan Šubašić, ndiye wa mwisho katika orodha ndefu ya maban wa Kroatia iliyoanzia kwenye maandishi ya Konstantino.

Nilikula ćevapi. Hapa hazitolewi mojamoja kama Sarajevo, zinakuja nne zimeshikana kama kigae, ndani ya mkate wa moto, na kitunguu kibichi kilichokatwa vipande vikubwa bila huruma.

Jajce nilishuka kwa ajili ya maporomoko, niseme ukweli. Mto Pliva unajirusha mzimamzima kuingia Vrbas pale chini ya mji, rasharasha zinakufuata mpaka barabarani. Ngome iko juu. Mwaka 1463 Sultani Mehmed II aliiteka Bosnia na mfalme wake wa mwisho, Stjepan Tomašević, akauawa hapa Jajce. Kabla mwaka haujaisha Wahungaria wakaurudisha mji, wakaweka ban, na banati hiyo, yaani jimbo la ban, ikasimama kama mfupa kooni mwa Waosmani kwa zaidi ya miaka 60.

Lakini niliyekuwa namtafuta alikuwa kusini zaidi. Bosnia ni mahali ambapo ban aliacha kuwa naibu. Kwa maandishi alikuwa chini ya taji la Hungaria. Kwa matendo alifanya alivyotaka. Hapo ule mfano wa liwali ukanirudia, maana nasi tunao Mazrui wa Mombasa, waliotumwa na Oman kama maliwali, kisha utawala ulipobadilika Oman katikati ya karne ya 18 wakagoma kuwatambua Mabusaidi, wakautawala mji kama wao mpaka 1837. Umbali na bahari viliwasaidia Mazrui. Maban wa Bosnia walisaidiwa na milima, na ukipita bonde la mto Bosna kwa basi huhitaji kuelezwa.

Tarehe 29 Agosti 1189 Kulin, ban wa Bosnia, aliwaandikia watu wa Dubrovnik, mji wa wafanyabiashara wa pwani ya Adriatiki, hati. Ni fupi, ya Kilatini na ya Kibosnia cha wakati ule, na mwandishi wake, karani Radoje, ametia jina lake mwishoni. Baada ya kutaja jina la Baba na Mwana na Roho Mtakatifu, anasema "Mimi, ban wa Bosnia Kulin", na hamtaji mfalme yeyote. Anawaapia wafanyabiashara kwamba watatembea nchini mwake bila kutozwa, na maofisa wake hawatawafanyia mabavu, isipokuwa mtu akipenda kumpa ban zawadi kwa hiari yake. Takrima, kwa lugha ya kwetu. Nilipomsomea mwenyeji wangu kipengele hicho kwa simu alisema hiyo hiari anaijua vizuri.

Kitovu cha enzi ile kilikuwa Visoko. Teksi yangu kutoka stendi ilikuwa Golf ya zamani ambayo mlango wa nyuma ulifungwa kwa kamba, na nilipomuuliza mzee dereva gari ni la mwaka gani akajibu "od Kulina bana", tangu Kulin ban. Ndivyo Wabosnia wasemavyo juu ya kitu chochote cha zamani sana, na msemo mzima ni "tangu Kulin ban na siku njema". Ametawala kuanzia 1180 hivi hadi 1204, na bado anatajwa na dereva wa teksi.

Wageni wengi wa Visoko hawaji kwa ajili yake. Tangu 2005 kuna madai kwamba kilima cha Visočica ni piramidi, na maduka yanauza piramidi za kila saizi. Wanaakiolojia wa Ulaya walitoa tamko kwamba ni ulaghai. Kinachoniuma ni kwamba juu ya kilima hichohicho yapo magofu ya kweli ya mji wa maban na wafalme, na niliokutana nao njiani walikuwa wanapima nishati kwa viganja. Chini, ng'ambo ya mto, ipo Mile, misingi ya kanisa la Wafransisko ambapo, kwa maoni ya wanahistoria wengi, Ban Tvrtko alivikwa taji la ufalme mwaka 1377. Siku niliyokwenda nilikuwa peke yangu.

Sarajevo nilikwenda moja kwa moja Zemaljski muzej, jumba la makumbusho la taifa, kuona bamba la jiwe lililopatikana karibu na Visoko mwaka 1898. Herufi zimechongwa na mkono usio na haraka lakini mistari haikunyooka. Linasema kanisa hili alilijenga Kulin ban alipoteka nyara Kučevsko Zagorje. Kumbe siku njema zilikuwa na nyara ndani yake. Wasomi wengi huihusisha habari hiyo na vita vya miaka ya 1180 dhidi ya Bizanti. Mwisho kuna dua: Mungu ampe afya ban Kulin na banica Vojislava. Banica ni mke wa ban, na nadhani nilisimama kwa Vojislava muda mrefu kuliko kwa mumewe, maana tangu Zagreb sikuwa nimeona jina la mwanamke hata mmoja kati ya hawa wakubwa. Bamba linasema pia kwamba Kulin aliweka sura yake mlangoni mwa kanisa. Hiyo haikupatikana. Picha zake zote zilizopo leo, za vitabuni na za ukutani, ni za wasanii waliobahatisha.